Familia ya Jaladani

Kuna watu wanaojulikana mjini kwa kuimba, wengine kwa kucheza mpira, wengine kwa kuiba na kukamatwa. Baba Wawili alijulikana kwa kuacha kuzaa. Sura yake ilikuwa imebandikwa kwenye kila kliniki na kila ubao wa matangazo wa shule: amesimama nyuma ya kiti, tai shingoni, mkono mmoja begani kwa mwanawe wa kiume. Mkewe amekaa kwenye kiti hicho, mikono imelala mapajani. Binti yao amesimama upande wa pili, na riboni iliyokishinda kichwa kwa ukubwa. Chini yao kuna maneno mekundu: WAWILI WATOSHA. Hilo ndilo lililokuwa jalada la kitabu cha Idara ya Idadi ya Watu, kitabu ambacho serikali ilikigawa bure miaka nenda miaka rudi, na wananchi wakakipokea kwa mikono miwili, maana karatasi yake ilikuwa laini na ilifaa sana kufungia vitu.

Kwa kazi yake Baba Wawili alikuwa mpangaji kurasa wa Idara hiyo hiyo. Chumba chake kilikuwa mwisho wa korido ya chini, ukishapita stoo ya viti vibovu, mahali ambapo hata mhudumu wa chai alikuwa anasahau kufika. Wataalamu wa ghorofa za juu waliandika, yeye akapanga: jedwali hapa, mchoro pale, namba ya ukurasa chini katikati. Takwimu zenyewe hakuzielewa, na wala hakuona haya kulisema hilo. Alichojua ni kwamba safu zikikaa sawa na desimali zikasimama mstari mmoja, basi nchi inaonekana ina mpango.

Sasa mtu wa korido ya chini alifikaje jaladani? Toleo la kwanza lilikuwa na mchoro. Mchoraji, kwa sababu anazozijua mwenyewe, alimchora mama wa familia bora akiwa na vidole sita mkono wa kushoto, na wananchi wakaanza kuuliza kama hayo ndiyo madhara ya uzazi wa mpango. Mkurugenzi akaja juu. "Nataka familia ya kweli," alisema kwenye kikao. "Na itoke humu humu ndani. Sisi ndio wa kwanza kuonesha mfano."

Wakaanza kutafutana. Mkurugenzi mwenyewe alikuwa na sita, akasema yeye hahesabiki kwa kuwa alizaa kabla ya sera. Msaidizi wake alikuwa na watano rasmi, na alipoulizwa kama hao ndio wote akaomba suala hilo liachwe nje ya kumbukumbu za kikao. Mkuu wa Utafiti alikuwa amepata mapacha mara mbili, akaapa kwamba hiyo si sera bali ni bahati mbaya. Mtaalamu Mkuu wa Takwimu, waliyemwita Desimali kwa sababu hata sukari ya chai aliiagiza "vijiko viwili nukta tano", hakuwa na mke wala dalili. Ikawa kwamba idara nzima ya kuwaambia watu wazae wawili ina mtu mmoja tu mwenye wawili, na mtu huyo yuko nyuma ya stoo ya viti.

Lakini Desimali hakuwa mtu wa kuachia jambo lipite hivi hivi. "Lengo la sera ni watoto wawili nukta tatu kwa kila mama," alisema. "Picha inasema wawili. Tutakuwa tunawadanganya wananchi." Wakakaa kikao kingine cha kujadili namna ya kupiga picha nukta tatu ya mtoto. Mmoja akapendekeza mama avalishwe mto chini ya gauni. Mwingine akataka mtoto ajifiche nyuma ya pazia, uonekane mguu tu. Msaidizi wa Mkurugenzi akashauri kiwekwe kiatu kimoja kidogo sakafuni, wenye akili wataelewa. Chai ikaletwa, ikanywewa, ikaletwa tena, na mwishowe wakakubaliana kukata desimali na kubaki na wawili.

Mke wa Baba Wawili aliyasikia haya akiwa ameshakaa kwenye kiti cha mpiga picha. "Na hiyo nukta tatu mliyoikata," aliuliza, "mtanirudishia lini?" Wote wakaangua kicheko. Yeye hakucheka, kwa kuwa hakuwa anatania.

Mwanamke huyu alikuwa mwalimu wa darasa la kwanza, mtu wa sauti kubwa na mikono iliyojaa chaki, na alitaka mtoto wa tatu. Alimtaka tangu kabla ya harusi. Walikubaliana watatu, wakiwa bado wachumba, wamekaa kwenye ukuta wa shule wakila njugu, na kila mmoja aliona ni idadi nzuri. Binti yao alikuwa ndiyo kwanza ameachishwa ziwa, na mama alikuwa anahesabu kwamba baada ya mwaka mmoja hivi wangeanza safari ya yule wa mwisho.

Lakini jalada lilikuja na masharti. Idara iliipa familia hiyo nyumba: vyumba viwili vya kulala, maji ya bomba ndani, baraza ya mbele ya kupumzikia. Nyumba hiyo ilikuwa ya kuonesha wageni. Na kwa kuwa wageni wangekuja na kitabu mkononi, familia ilitakiwa ibaki kama ilivyo pichani hadi toleo lingine litakapotoka na sura nyingine.

"Ni toleo hili moja tu, mama watoto," mume alimwambia. "Jipya likitoka watapiga picha watu wengine. Sisi tutaendelea na mambo yetu."

"Linatoka lini hilo jipya?"

"Mwakani."

Aliyewahi kungoja chapisho la serikali ameshacheka hapa. Mwakani ilipofika, waziri aliyeandika dibaji akahamishwa wizara, ikabidi dibaji mpya. Dibaji mpya ilipokuwa tayari, waziri mpya akaondolewa kabisa, na jina lake likawa halitamkiki hata kwenye lifti. Mwaka uliofuata Desimali na Mkuu wa Utafiti waligombana juu ya mchoro wa ukurasa wa arobaini hadi wakawa hawasalimiani. Halafu wino ukaisha. Halafu wino ukapatikana, ila wa kijani. Kila mara Idara iliamua kwamba, kwa sasa, kitabu cha zamani kichapwe upya na jalada lile lile.

Na kila mara Baba Wawili alirudi nyumbani akamwambia mkewe asubiri. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mwoga, na juu ya woga huo alikuwa ameanza kuvimba kichwa kidogo. Watu walikuwa wanamsimamisha njiani. Sokoni wauzaji walimwongezea nyanya moja juu ya fungu, wakimwita mzee wa sera. Mtu aliyekaa maisha yake yote nyuma ya stoo akionjeshwa kujulikana, si rahisi kumwambia arudi gizani kwa ajili ya mtoto ambaye hajamwona.

Mke alisubiri. Aliwapokea wageni wa Idara, akawaandalia chai, akajibu maswali ambayo mtu mwingine angeyajibu kwa kofi. Mgeni mmoja mwenye miwani ya kamba aliingia hadi bafuni, akahesabu miswaki, akatoka anatikisa kichwa kwa furaha. "Minne," alimwambia Mkurugenzi. "Inalingana." Mama wa nyumba akasema karibu tena. Wageni walipoondoka alifunga mlango, akakaa barazani na kushika tama, na mumewe akajifanya ana kazi ya kuangalia bomba.

Siku moja alipiga moyo konde, akaenda kliniki bila kumwambia mtu. Alitaka kumwuliza daktari jambo moja tu: katika umri huu, bado nina muda gani? Foleni ilikuwa ndefu, kina mama wamekaa na matumbo yao, na juu ya vichwa vyao, ukutani, yeye mwenyewe anawatazama, mikono mapajani.

"Jamani!" nesi aliita. "Si ndiye huyu wa kwenye kitabu?" Foleni nzima ikageuka. Wakamsogezea kiti. Nesi akamshika mkono, akawageukia wale wajawazito. "Mnamwona mwenzenu? Ana wawili, ametulia, ngozi inang'aa. Dada, tuambie, siri yako ni nini?"

Angesema nini? Alisema ni uvumilivu. Wakampigia vigelegele. Daktari mwenyewe akatoka kumsalimia, na alipomwuliza amekuja kwa shida gani, akajibu alikuwa anapita tu. Usiku ule alimsimulia mumewe, na Baba Wawili, Mungu amsamehe, akauliza kama bango la pale kliniki bado lina rangi nzuri.

Basi miaka ikaenda, sensa ikafika. Idara iliwafundisha makarani wa sensa na kuwapa kila mmoja mkoba wenye vitabu. Agizo lilikuwa hivi: ukifika kwenye nyumba, salimia, kabidhi kitabu kama zawadi kutoka serikalini, mwoneshe mwenye nyumba jalada, halafu umwulize ana watoto wangapi. Agizo hilo lilipitiwa na wataalamu wenye shahada za kujaza kabati, na hakuna hata mmoja aliyeona tatizo.

Jioni moja Baba Wawili alimtembelea kaka yake, fundi friji. Kaka huyu alikuwa na watoto saba na karakana iliyojaa makopo ya gesi, na watoto na makopo vilikuwa vimetapakaa uani bila mpangilio.

"Kaka, hawa wa sensa walifika?"

"Walifika. Vijana wa heshima sana. Wakanipa kitabu chako."

"Ukawaambia una watoto wangapi?"

"Wawili."

"Wawili? Na hawa wengine?"

"Niliwaambia wakacheze kwa jirani." Kaka aliifuta bisibisi kwenye suruali. "Wewe ulitaka niseme nini? Mtu amekuja kwangu na zawadi. Juu ya zawadi kuna picha ya mdogo wangu wa damu, chini imeandikwa wawili watosha. Halafu mimi nimtazame usoni nimwambie saba? Si ningekuangusha, mdogo wangu?"

"Kwa jirani je?"

"Kwa jirani watoto walikuja kucheza huku. Watu wa mtaa huu wana adabu bwana."

Baba Wawili alirudi nyumbani kichwa kinamzunguka, akamweleza mkewe. Mkewe alikuwa ametoka kufundisha darasa ambalo watoto wa nyuma walikaa kwenye kingo za madirisha kwa kukosa dawati. Alimsikiliza hadi mwisho. "Kwa hiyo," alisema, "katika nchi nzima, nyumba iliyosema ukweli ni hii yetu."

Mume alidhani amesifiwa.

Matokeo yalipotoka, Idara ilikata keki. Watoto kwa kila mama: wawili nukta sifuri na vipunje. Hapajawahi kutokea mafanikio ya namna hiyo, si hapa, si kwingine. Mkurugenzi alikwenda kuhutubia kwenye nchi tatu, akarudi na begi jipya. Kuhusu yale ya kaka yake, Baba Wawili alifunga mdomo, kwanza kwa sababu hakuna aliyemwuliza, na pili kwa sababu alikuwa amepewa kipande cha keki chenye ua.

Furaha hiyo iliendelea hadi Desimali alipochukua rula. Alitaka kujua mstari wa kuzaliwa watu, uliokuwa unashuka kwenye mchoro, ungefika wapi ukiachwa uendelee kushuka. Akaurefusha. Ukashuka, ukatoka nje ya karatasi, akaunganisha karatasi nyingine kwa gundi. Kwenye karatasi ya tatu nchi ilikuwa imeisha. Hapakuwa na mtu. Kulingana na hesabu zake angebaki nukta nane ya mzee mmoja, na huyo pia asingekuwa na wa kumzika.

Kikao cha dharura kikaitwa. Mkurugenzi alizitazama karatasi tatu zilizogundishwa. "Sasa hawa wananchi," alisema kwa uchungu, "ni nani aliyewaambia wasizae?"

Mmoja baada ya mwingine, wote wakamgeukia mpangaji kurasa aliyekuwa ameitwa kuleta vivuli vya mchoro. Yeye ndiye aliyekuwa na sura kwenye jalada.

Ndani ya wiki chache sera ikapinduliwa miguu juu. Kitabu kipya kiliitwa NYUMBA IJAE. Sura ya pili, iliyokuwa ikieleza hasara za familia kubwa, ikageuzwa kuwa faida za familia kubwa. Baba Wawili alibadilisha kichwa cha habari na maneno machache, majedwali akayaacha yalivyo. Safari hii dibaji haikuchelewa, wala wino. Toleo jipya, lile lile la mwakani, lilikuwa limefika.

Siku aliyopewa kazi hiyo alitoka ofisini mapema akakimbia, mtu wa makamo mwenye kitambi, kwenda nyumbani. Mkewe alikuwa mezani anasahihisha madaftari.

"Mama watoto! Toleo jipya limetoka!"

"Hongera."

"Hunielewi. Sera imebadilika. Wanataka watu wazae. Tumeruhusiwa!"

"Kuruhusiwa nini?"

"Yule wa tatu!"

Mkewe akaweka kalamu chini taratibu, akafunga daftari la mtoto wa watu. Alimtazama mumewe muda mrefu, kama anavyomtazama mwanafunzi aliyeandika jibu la swali jingine.

"Baba watoto," alisema, "wewe unalala kitanda gani?"

"Kwa nini?"

"Mwaka juzi nilikuwa naamka usiku nimelowa jasho, shuka unaweza kuikamua. Ulifanya nini?"

Alifikiri. "Nilifungua dirisha. Nikasema ni joto."

"Basi hilo joto ndilo lililokuwa likiniaga. Mlango umeshafungwa, baba. Umefungwa zamani, wewe ukiwa unafungua dirisha."

Alibaki amesimama na rasimu ya kitabu mkononi. Alitaka kusema pole, lakini neno lenyewe alilipima akaliona dogo mno, akalimeza. Mkewe alifungua daftari lingine. Huzuni iliyomwingia Baba Wawili jioni ile hakuwa na mahali pa kuipanga, si jedwali, si ukurasa, na kwa mara ya kwanza alilichukia jalada.

Asubuhi yake alikwenda kwa Mkurugenzi, akijiuma maneno. "Mkuu, naomba mtafute familia nyingine. Kwa mke wangu mambo hayo... umri umepita."

"Nani amekwambia uzae?" Mkurugenzi alishangaa kikweli. "Umri wake umepita, wa picha haujapita. Wananchi wanawajua ninyi. Wakiwaona wale wale wameongeza, ujumbe umefika. Kompyuta unayo, watoto wamejaa humo. Chagua mmoja, mweke."

"Nimweke?"

"Mweke. Na usizidishe, tunaanza na watatu. Desimali anataka watatu nukta mbili lakini nimemkatalia."

Kwa hiyo Baba Wawili akajifungia nyuma ya stoo ya viti kumtafutia mkewe mtoto. Picha zilikuwa nyingi, watoto wa kutangaza sabuni, watoto wa kutangaza maziwa, wote wanacheka meno nje. Alidhani atamchukua wa kwanza atakayemwona, amalize kazi, aende zake. Akajikuta anachagua. Huyu mweupe mno wa meno. Huyu ana macho ya kudeka. Alifika kwa kibinti kimoja ambacho hakikucheka, chenye paji la uso pana, paji la mama mkwe wake kabisa, akasimamisha mkono.

Pa kumweka palikuwa mahali pamoja tu. Katika picha ile ya zamani mapaja ya mkewe yalikuwa matupu, mikono imelazwa juu yake kwa amri ya mpiga picha. Baba Wawili aliikata mikono hiyo, akaiinua, akapitisha mmoja chini ya kwapa la mtoto na mwingine akaufunika tumboni pake. Akalainisha kivuli shingoni. Akakunja kola. Alipomaliza ungeapa kwamba mtoto alikuwa pale tangu mwanzo, na kwamba ni Idara iliyokuwa imemwondoa. Ilikuwa kazi nzuri kuliko zote alizowahi kuifanyia serikali, na hakuthubutu kwenda kumwonesha mwenye mapaja.

Siku ya uzinduzi ukumbi ulipambwa kwa maua ya plastiki na watu wakafika mapema, yaani mgeni rasmi peke yake ndiye aliyechelewa. Kina mama waliletwa kwa magari na watoto wao wote, safari hii hakuna aliyefichwa kwa jirani. Kijana wa Baba Wawili, aliyekuwa akifanya kazi mji mwingine, alituma udhuru. Binti naye alisema hapigwi picha tena maisha yake yote, na kama ni kuzaa, aanze Mkurugenzi. Wazazi wakaenda wawili tu, wakakalishwa mstari wa mbele. Mke alivaa gauni jipya. Hakuwa ameambiwa chochote kuhusu jalada, na mume, roho juu, alikuwa anaomba umeme ukatike.

Umeme haukukatika. Pazia likavutwa, na jalada likatokea, kubwa la kufunika ukuta.

"Mama watoto," Baba Wawili alinong'ona, "nilitaka kukwambia..."

"Nyamaza kwanza," alisema mkewe. Alikuwa anatazama. Alitazama mtoto, akatazama mikono yake mwenyewe ilivyomshika, na kidole chake kimoja kikasogea kwenye gauni, kidogo tu.

Mgeni rasmi alisoma hotuba aliyoandikiwa, akakosea kurasa mbili, akazirudia. Kisha, kwa kuwa alikuwa mtu wa watu, akaiweka hotuba pembeni na kuigeukia picha. "Familia nzuri sana hii! Nasikia wako hapa. Simameni tuwaone." Wakasimama, makofi yakapigwa. "Baba namwona. Mama namwona. Hao wakubwa najua wana shughuli zao. Sasa huyu mdogo wa mapajani, mbona mmemwacha?"

Mkurugenzi akatoa macho. Desimali akainamia karatasi zake kana kwamba anatafuta humo mahali pa kujificha. Kipaza sauti kikapitishwa, kikafika mkononi mwa mke, na Baba Wawili akaona kazi imeota mbawa na nyumba imekwenda. Ila ndani kabisa ya moyo wake alitamani mkewe aseme, aseme yote, amalize.

"Tumemwacha nyumbani, mheshimiwa," alisema mkewe, kwa ile sauti ya darasani. "Angetusumbua hapa. Yule hatulii. Viatu hapendi, ukimvisha hiki anavua kile. Ukimwita anajificha nyuma ya mlango, na miguu yote inaonekana, lakini ole wako useme umemwona. Atanuna mpaka jioni. Ni lazima uzunguke nyumba nzima unauliza, jamani mtoto wangu yuko wapi? Na usingizi haumpati mpaka ashike sikio langu. Hili la kushoto. La kulia hataki."

Ukumbi ulicheka kwa upendo. Kina mama wakagongana mabega, wakasema ndivyo walivyo. Mkurugenzi akashusha pumzi, na mgeni rasmi alikuwa anajifuta machozi ya kicheko.

Baba Wawili hakucheka. Alikuwa anamsikia mtoto huyo kwa mara ya kwanza. Alielewa, na kuelewa kwenyewe kukamchoma, kwamba maneno hayo hayakutungwa pale ukumbini. Mkewe alikuwa amemlea huyu miaka yote ile, peke yake, ndani ya nyumba ile ile, yeye akiwa amelala pembeni yake anakoroma.

"Anaitwa nani huyo mtundu?" aliuliza mgeni rasmi.

"Wale wakubwa majina niliwapa mimi," alisema mkewe. "Huyu tulikubaliana atapewa na baba yake. Muulize yeye, mheshimiwa." Akamkabidhi mumewe kipaza sauti, akaketi.

Baba Wawili alikishika kwa mikono yote miwili. Aliutazama ukuta, akalitazama lile paji la uso alilolichagua mwenyewe, akafungua mdomo. Alikuwa amewahi kutoa vichwa vya sura, vya majedwali, vya michoro, maelfu kwa maelfu. Akatafuta jina moja tu la mtoto wake, hakulipata.

"Mheshimiwa," alisema. "Mheshimiwa..." Sauti ikakatika, akaangua kilio, kilio cha mtu mzima kisicho na breki, mbele ya viongozi na maua ya plastiki.

Watu wakadhani ni furaha. Mgeni rasmi ndiye aliyeanza kupiga makofi, Mkurugenzi akadakia, na kufumba na kufumbua ukumbi wote ulikuwa umesimama unamshangilia baba wa watoto watatu. Mkewe peke yake alibaki amekaa, anamtazama, anasubiri jina.